Uso Wetu, Kalamu ya Nani?

Mtu wa Koboko, hapa West Nile nchini Uganda, akijitambulisha ugenini, huulizwa papo hapo: kwenu si ndiko kwa Amin? Wengi wanaouliza hivyo wametujua kupitia filamu. Mwaka 1981 Mkenya Joseph Olita alimwigiza Idi Amin, aliyekuwa rais wa Uganda, katika filamu ya Sharad Patel, kisha akamwigiza tena katika Mississippi Masala. Mwaka 2007 Mmarekani Forest Whitaker, aliyejifunza Kiswahili kwa ajili ya kazi hiyo, alitunukiwa Oscar kwa kuwa Amin katika The Last King of Scotland, filamu iliyotokana na riwaya ya Mwingereza Giles Foden.

Waigizaji hao tunawapa heshima yao. Hoja yetu iko kwenye skripti. Mwigizaji hutoa uso na sauti. Mwenye kalamu ndiye anayeamua nani aonekane na nani aachwe gizani. Katika filamu hizo hutamwona mama wa West Nile ambaye, baada ya utawala wa Amin kuanguka mwaka 1979, alifunga mzigo, akambeba mtoto mgongoni na kukimbilia Sudan. Wala humwoni mwanawe, leo mtu mzima hapa Oraba mpakani, akiwapokea wanaokimbia kutoka upande wa Kaya, Sudan Kusini.

Ndiyo maana toleo hili limewapa nafasi waigizaji wanaoandika. Mfano wetu mkubwa ni Mtanzania Steven Kanumba, mzaliwa wa Shinyanga aliyepitia kundi la maigizo la Kaole. Alipofariki Aprili 2012, akiwa na miaka 28, alikuwa ameigiza, ameandika na ameongoza filamu, na ameshirikiana na nyota wa Nigeria kama Ramsey Nouah. Wakosoaji walisema filamu za Bongo, yaani za Tanzania, ziliandikwa harakaharaka na kufuata mno nyayo za Nollywood. Hawakukosea. Hata hivyo, maelfu waliomsindikiza hadi makaburi ya Kinondoni walimlilia mtu aliyewaonyesha ndoa zao, watoto wao na ugomvi wa nyumba zao, kwa lugha yao.

Sisi nasi tunayo lugha. Kwa Waganda wengi Kiswahili kilisikika kama amri ya askari, na filamu za Amin zimekiacha palepale kambini. Hapa mpakani Kiswahili hupima mahindi, huomba punguzo na hupatanisha majirani, kikichanganyika na Kikakwa, Kilugbara, Kinubi na Kiarabu cha Juba. Skripti itakayoandikwa hapa iyabebe yote hayo.

Kurasa zinazofuata zina skripti fupi za vijana wa Arua na Koboko. Tunakuomba usizisome peke yako kimyakimya. Chukua mhusika mmoja, mpe jirani mwingine, msome kwa sauti barazani. Mkifika mahali ambapo jirani atasema, “Hapana, mama yangu asingesema hivyo,” mpeni kalamu.

Mhariri