Maumivu ya Mgongo Yasipuuzwe

Askari wa zamu Bugendana, mkoani Gitega, hupanda vilima na mzigo mgongoni. Akilalamika mgongo, huenda akaambiwa ni uchovu tu. Mara nyingi ndivyo. Lakini mgongo ukiuma pamoja na homa, yawezekana usaha unakusanyika ndani ya uti wa mgongo na kuubana uboho wake. Chanzo chaweza kuwa jipu dogo la ngozi ambalo vijidudu vyake vimeingia katika damu.

Mwaka 1948 daktari Heusner wa Marekani alieleza hatua zake: mgongo huuma, maumivu huenea kufuata mishipa ya fahamu, miguu hulegea na mkojo hukosa utaratibu, mwishowe mgonjwa hupooza, pengine kwa muda wa saa chache.

Tiba ipo: antibiotiki kwa majuma mengi na, mara nyingi, upasuaji wa kuondoa usaha. Lakini aliyekwisha kupooza kabisa ni shida kuinuka tena.

Kwa hiyo tunawasihi makamanda: askari mwenye homa na maumivu makali ya mgongo apelekwe hospitali Gitega siku hiyo hiyo, miguu ikilegea, hata bila homa, asicheleweshwe hata saa moja. Nanyi askari, msione haya kusema mapema.