Chinua Achebe: Mhariri aliyetaka kujua nani anamwandikia mtoto wa Afrika

Februari 2023 Waziri wa Elimu wa Tanzania, Profesa Adolf Mkenda, alipiga marufuku vitabu 16 vya hadithi visitumike shuleni. Miongoni mwake vilikuwemo vya mfululizo wa Marekani uitwao Diary of a Wimpy Kid. Sababu iliyotolewa ni kwamba vinakwenda kinyume na maadili, mila na desturi.

Kuondoa kitabu kwenye rafu ya shule ni kazi ya siku moja. Kupata kingine cha kuweka mahali pake ni kazi ya miaka, na kwa kawaida haitangazwi kwenye taarifa ya habari. Aliyeifanya kazi hiyo pande zote mbili, kama mhariri na kama mwandishi wa watoto, ni Chinua Achebe wa Nigeria.

Wengi wetu tunamfahamu kwa riwaya yake ya mwaka 1958, ambayo kwa Kiswahili ni Shujaa Okonkwo, tafsiri ya Clement Ndulute. Upande wake mwingine hauzungumzwi sana.

Tiara juu ya mnazi

Katikati ya miaka ya 1960 Achebe na mkewe Christie waliishi Lagos. Binti yao mkubwa, mwenye umri wa miaka minne hivi, alikuwa akisoma chekechea iliyoendeshwa na wazungu. Siku moja mtoto akawaambia kwamba yeye si mweusi, ni kahawia. Wazazi wakashtuka. Wakaanza kutafuta mawazo hayo yametoka wapi.

Sehemu ya jibu ilikuwa nyumbani kwao. Walikuwa wakimnunulia mtoto vitabu vya bei kubwa, vyenye picha za rangi, kutoka duka kubwa la mjini, bila kuvisoma wenyewe kwanza. Walipovifungua, kimojawapo kilisimulia juu ya mtoto wa kizungu aliyekuwa akirusha tiara. Tiara ikanasa kwenye mkia wa ndege, ikasafiri hadi Afrika na kuangukia mnazi. Wanakijiji wakaingiwa na hofu, mganga akaitwa, na tiara ikageuzwa kitu cha kuabudiwa.

Hadithi haina tusi hata moja. Mkaguzi wa maadili angeweza kuipitisha. Lakini mtoto mweusi akiisoma anajifunza kwamba watu wa kwao ni wajinga wanaoogopa karatasi.

Ndipo rafiki yake, mshairi Christopher Okigbo, aliyekuwa mwakilishi wa kampuni ya uchapishaji ya Cambridge, akamhimiza aandike kitabu cha watoto. Chike and the River kikatoka mwaka 1966. Chike ni mtoto wa kijijini aliyepelekwa kwa mjomba wake mjini Onitsha, na hamu yake kubwa ni kuvuka Mto Niger kwa kivuko hadi Asaba. Kinachomzuia ni shilingi moja ya nauli, kwenda na kurudi. Msikilizaji aliyekulia karibu na kivuko chochote, Kigongo au Likoni, hahitaji kuelezwa zaidi.

Mhariri asiyelipwa

Wakati huo Achebe alikuwa tayari mhariri. Mwaka 1962 kampuni ya Heinemann ya London ilianzisha mfululizo wa vitabu vya waandishi wa Kiafrika, vya jalada laini na bei nafuu. Achebe aliushikilia kwa miaka kumi bila malipo. Alisoma miswada, akasema upi uchapishwe na upi urudi kwa mwenyewe ukarekebishwe. Vitabu 100 vilitoka katika kipindi chake.

Mwaka huohuo wa 1962, kwenye mkutano wa waandishi Makerere, Kampala, mwanafunzi mmoja kutoka Kenya alimpelekea mswada wake. Mwanafunzi huyo ni Ngugi wa Thiong'o, na mswada ule ukawa Weep Not, Child, uliotoka mwaka 1964. Ngugi alipofariki Mei 2025, magazeti mengi yalimwandika kama jabali aliyesimama peke yake. Nadhani yalisahau kwamba kuna mtu aliyeupokea mswada wake na kuusoma.

Chui, Mbwa na vita

Mwaka 1967 Achebe na Okigbo walianzisha kampuni yao ndogo ya uchapishaji mjini Enugu, wakikusudia kuchapisha vitabu vya watoto. Mswada wa kwanza ulikuwa hadithi ya John Iroaganachi kuhusu jinsi mbwa alivyokuja kufugwa na binadamu. Achebe alipoanza kuuhariri, hadithi ikageuka mikononi mwake.

Vita vya Biafra vikawaka. Okigbo alijiunga na jeshi na akauawa mwaka huohuo karibu na Nsukka. Kampuni ikasambaratika.

Hadithi yenyewe ilisalimika, ikachapishwa Nigeria mwaka 1972 kwa jina How the Leopard Got His Claws. Humo Chui ni mfalme mpole asiye na kucha. Mbwa, mwenye meno makali, anawapora wanyama ukumbi walioujenga kwa pamoja, nao kwa woga wanamgeuka mfalme wao. Chui anakwenda kwa mhunzi kutafuta meno na kucha, kisha kwa radi kutafuta sauti. Ni hadithi ya watoto, na ni hadithi ya nchi iliyojirarua.

Na rafu zetu?

Achebe ana upungufu wake. Aliwaandikia watoto kwa Kiingereza, na mtoto wa darasa la tatu huku kwetu hawezi kumfuata. Ngugi alijaribu njia nyingine: miaka ya 1980 aliandika hadithi za watoto za Njamba Nene kwa Kikuyu.

Tanzania sasa ina Tuzo ya Taifa ya Mwalimu Nyerere ya Uandishi Bunifu, na hadithi za watoto zimo miongoni mwa nyanja zinazoshindaniwa. Tuzo humpata mwandishi. Bado anahitajika wa kukaa na mswada wake miezi kadhaa, kalamu mkononi, na wa kumlipa mtu huyo, kwa sababu Achebe aliyekubali kufanya kazi hiyo miaka kumi bila malipo hapatikani kila siku.