Irankunda: Kutoka kambini Kigoma, kupitia daraja la nne Ujerumani

Kibondo. Ukilitaja jina la Irankunda kwenye kibanda umiza chochote hapa mjini Kibondo, hakuna atakayekuuliza lina maana gani. Kiha na Kirundi ni lugha za nyumba moja. Irankunda ni “ananipenda”, na anayependa hapo ni Imana, yaani Mungu. Majina ya namna hiyo yamejaa kwenye madaftari ya mahudhurio shuleni kuanzia Kibondo hadi Kasulu. Watakachokuuliza ni kingine kabisa: huyo jamaa anakipiga wapi?

Anakipiga Watford. Na hapo ndipo mazungumzo yanapopoa, maana Watford wako Championship ya England (siyo hii yetu), na Jumamosi kibandani watu wanalipia Arsenal, Liverpool na Manchester United. Daraja la pili nani analitazama?

Mimi nadhani tunapaswa kulitazama. Nestory Irankunda alizaliwa Februari 9, 2006, mkoani humu humu Kigoma, kambini, kwa wazazi waliokimbia vita Burundi. Akiwa na miezi mitatu tu familia ikapata nafasi ya kwenda Australia, ikaanzia Perth kabla ya kuhamia Adelaide. Leo ni winga wa timu ya Taifa ya Australia, Socceroos. Oktoba 2025 ndiye aliyefunga bao pekee walipoichapa Canada 1-0 kule Montreal. Australia imeshafuzu Kombe la Dunia 2026. Sisi kundi letu lilichukuliwa na Morocco.

Najua wengine watasema habari ya Irankunda ni ya Waaustralia, sisi inatuhusu nini. Tuwekane sawa. Sijakaa hapa kulia kwamba “tumeibiwa mchezaji”. Mtoto wa miezi mitatu hajafundishwa mpira na mtu. Kuzaliwa kambini hapa hakukumpa pasipoti ya Tanzania, na FIFA haiangalii ulizaliwa wapi kama huna uraia wa nchi hiyo. Kinachonishughulisha ni njia aliyopita, ngazi kwa ngazi, halafu nikiipima na njia aliyonayo mtoto wa umri wake aliyebaki hapa.

Adelaide alianza na timu za mtaani, akapita Adelaide Croatia Raiders, klabu ya jamii ya wahamiaji, kabla ya Adelaide United kumchukua. Januari 2022, akiwa na miaka 15, kocha Carl Veart akamwingiza kwenye Ligi Kuu ya Australia. Miaka 15! Hapa kwetu wa umri huo anaitwa “dogo” na kazi yake ni kuokota mipira nyuma ya goli. Irankunda alikuwa na mbio, alikuwa na shuti zito kuliko mwili wake, na akifunga anapiga sarakasi. Mashabiki wakampenda.

Novemba 2023 ikatangazwa kwamba Bayern Munich wamemnunua, kwa ada iliyotajwa kuwa rekodi ya ligi ya Australia. Lakini hakwenda siku hiyo. Kanuni za FIFA zinazuia mchezaji aliye chini ya miaka 18 kuhamishwa kutoka nchi moja kwenda nyingine, isipokuwa kwa sababu chache maalumu. Kwa hiyo alibaki Adelaide kumalizia msimu, akavuka miaka 18, na Julai 2024 ndipo akatua Ujerumani. Mwezi mmoja kabla alikuwa ameshaanza kuichezea Socceroos, na bao lake la kwanza akalifunga dhidi ya Palestina kwa penalti.

Hapa ndipo hadithi nyingi za magazetini huishia. Kijana wa kambini atua Bayern, picha na jezi nyekundu, tamati. Mimi nataka kuanzia hapo.

Bayern ilimpa mechi za kirafiki, ikampa mazoezi na mastaa wa Vincent Kompany, halafu ikampeleka kikosi cha pili. Bayern II wanacheza Regionalliga Bayern, daraja la nne. Hebu fikiria. Umetoka kwenye uwanja uliojaa watu wanaoimba jina lako, umeshaichezea timu ya Taifa, na unajikuta unacheza kwenye viwanja vya miji midogo ya Bavaria dhidi ya mabeki ambao baadhi yao Jumatatu wanaamkia kazini. Mechi ya mashindano ya kikosi cha kwanza hakuicheza hata moja. Na kwenye timu ya Taifa nako, mchezaji asiyecheza juu si rahisi kumwita.

Kwa mazingira yetu hiyo ingeitwa kushuka. Mchezaji wetu akitoka Simba au Yanga kwenda timu ya Championship, tunaandika “amepotea”. Nakiri hata mimi nimeshawahi kuandika hivyo. Lakini tazama alichofanya: Januari 2025 akaomba njia, akatolewa kwa mkopo kwenda Grasshopper ya Zürich. Hii ni klabu yenye mataji 27 ya ligi ya Uswisi, lakini msimu ule ilikuwa inapigania roho yake isishuke, ikaja kuokolewa na mechi za mchujo. Siyo sehemu ya kwenda kupumzika. Julai 2025 akakata kabisa kamba ya Bayern, akasaini Watford.

Mwenye haraka ataona ngazi inateremka: Bayern, Grasshopper, Watford. Mimi naona kinyume chake, kwa sababu kila alipohama alisogea karibu na dakika za kucheza. Na Watford si kitandani pia. Ni klabu inayobadilisha makocha kama nguo. Paulo Pezzolano aliyempokea alifukuzwa Oktoba hiyo hiyo baada ya mechi kumi tu, akarudishwa Javi Gracia. Winga mwenye miaka 19 anatakiwa aanze upya kumshawishi mtu mwingine. Ndiyo maisha ya soka la kulipwa la madaraja ya kati, ambalo halina bango barabarani.

Na tusijifanye hatuyajui madaraja hayo. Taifa Stars iliyokwenda AFCON ya Ivory Coast Januari 2024 ilikuwa na Tarryn Allarakhia, aliyekuwa Wealdstone, daraja la tano England. Tulimshangilia. Kwa hiyo daraja siyo aibu. Swali ni kama mchezaji ana ngazi nyingine ya kukanyaga baada ya hiyo.

Sasa turudi Kibondo.

Mtoto wa hapa mwenye mguu alikuwa na ngazi moja iliyo jirani: JKT Kanembwa, timu ya kikosi cha Jeshi la Kujenga Taifa kilichoko Kakonko, upande ambao zamani ulikuwa Kibondo hii hii. Ilikuwa Ligi Daraja la Kwanza, hatua moja tu chini ya Ligi Kuu. Februari 2016, siku ya mwisho ya Kundi C, Kanembwa ikafungwa na Geita Gold mabao 8-0. Siku hiyo hiyo Polisi Tabora ikaifunga JKT Oljoro 7-0. Geita na Polisi Tabora walikuwa wanawania nafasi moja ya kupanda na mabao yalikuwa yanahesabiwa. TFF ikachunguza, na Aprili mwaka huo ikazishusha timu zote nne kwa upangaji matokeo, na watu kadhaa wakafungiwa. Mbao FC ya Mwanza, iliyokuwa nyuma yao, ikapandishwa Ligi Kuu, na mwaka uliofuata ikacheza fainali ya Kombe la FA dhidi ya Simba.

Geita walijipanga, wakapanda Ligi Kuu mwaka 2021, na msimu wao wa kwanza mshambuliaji wao George Mpole akawa mfungaji bora kwa mabao 17. Mwanza walipata Mbao yao. Ukanda wetu ulipata nini? Ulipoteza ngazi. Kijana wa Kibondo aliyekuwa na miaka 10 wakati ule sasa ni wa rika la Irankunda kabisa, na timu aliyokuwa akiitazama kama mlango wa kutokea ilishushwa na watu wazima kabla yeye hajavaa viatu vya njumu.

Ni kweli, Mashujaa ipo. Ilipanda Ligi Kuu mwaka 2023, na Aprili 2024 iliitoa Simba kwa penalti kwenye Kombe la Shirikisho pale Lake Tanganyika. Nawapa heshima yao. Lakini Kigoma mjini ni zaidi ya kilomita 200 kutoka hapa, na mchezaji hatoki timu ya mtaa wa Kibondo akaangukia Ligi Kuu moja kwa moja. Katikati panatakiwa kuwa na kitu. Juma Kaseja ni mtoto wa Kigoma, aliyeitoa Zamalek kwa mikono yake kule Cairo mwaka 2003, lakini jina lake lilijengwa Dar es Salaam. Ndivyo ilivyokuwa na ndivyo ilivyo.

Kuna kundi jingine lenye hali ngumu zaidi, nalo liko kilomita chache tu kutoka mjini. Kambi ya Nduta imekuwa ikihifadhi Warundi tangu ilipofunguliwa upya mwaka 2015. Kule mpira unachezwa kila jioni, na wanaokwenda huko kikazi wanakuambia kuna madogo wanajua. Sheria hairuhusu mkimbizi kutoka kambini bila kibali, kwa hiyo winga wa Nduta hawezi kuja Jumatano kufanya mazoezi na timu ya mjini na Jumamosi akacheza mechi. Wengi wanarejea Burundi sasa, na pengine kesho wataonekana kwenye ligi ya kule. Watakaobaki, umri wao wa kujifunza mpira unapita. Inashangaza kidogo, kwa sababu FIFA yenyewe, kwenye kanuni hizo hizo zilizomchelewesha Irankunda, imeweka kipengele cha kumruhusu mtoto aliyekimbia nchi yake kwa kuhofia maisha asajiliwe alikokimbilia. Kipengele kipo. Wa kukifungua faili ndiye sijamwona.

Naomba tuzungumze fedha, maana hapo ndipo viongozi wetu wa mpira huamka. Mchezaji anapouzwa nchi nyingine akiwa ndani ya mkataba, asilimia 5 ya ada inakatwa na kugawanywa kwa klabu zilizomlea kuanzia msimu aliotimiza miaka 12 hadi 23. Kila msimu wa miaka 12 hadi 15 una robo ya asilimia moja ya ada yote. Kuanzia 16 ni nusu asilimia kwa msimu. Piga hesabu ya kawaida. Kijana akiuzwa kwa shilingi bilioni 1, timu ya Kibondo iliyokuwa naye msimu mmoja akiwa na miaka 13 inachukua milioni 2.5. Ikiwa ilikaa naye misimu minne, kuanzia 12 hadi 15, ni milioni 10. Kwa timu inayochangishana ili inunue mpira mmoja, hizo ni fedha za nyavu, jezi na nauli za miaka kadhaa. Na akiuzwa tena kwa ada, mgawo unarudi tena.

Kwa Irankunda mgawo huo unakwenda Adelaide, na ni haki yao. Walimlea, na zaidi ya hapo walimwandika. Tangu mwishoni mwa mwaka 2022 malipo hayo yanapita kwenye mfumo wa FIFA unaosoma kumbukumbu za usajili za mchezaji kielektroniki. Haisomi picha ya pamoja ya mwaka 2019. Haisomi maneno ya mwenyekiti kwamba “huyu tulimtoa sisi”. Kama mtoto hakusajiliwa kwenye klabu inayotambuliwa na shirikisho, misimu yake hapo haipo, hata kama kocha alimnunulia viatu kwa mshahara wake.

Ndiyo maana wiki iliyopita nilimfuata kocha mmoja wa vijana hapa mjini, mwalimu wa shule ya msingi kwa kazi yake, nikamuuliza watoto wake wangapi wamesajiliwa. Alicheka, akaingia ndani akatoka na kaunta buku yenye jalada lililochanika. Ndani kuna majina zaidi ya arobaini kwa kalamu ya bluu, namba ya simu ya mzazi pembeni, na nafasi anayocheza kila mmoja. Tarehe za kuzaliwa zipo kwa watoto sita. Wengine hawana cheti cha kuzaliwa, akaniambia, na ofisi ya kukifuatilia mzazi anaanza kuulizia nauli.

Nilimwonyesha kwenye simu bao la Irankunda dhidi ya Canada. Alilitazama mara mbili, kisha akaniomba nimtumie kwenye WhatsApp awaonyeshe mawinga wake. Mazoezi yalikuwa yanaanza saa kumi na mipira ilikuwa miwili, mmoja unavuja.