Mkate wa Safari wa Tolkien na Pamba Yetu



Wapo wenzetu wanaoona kwamba frateri anayesoma hadithi za kubuni, zenye pete za ajabu na viumbe wasiokuwapo, anapoteza muda ambao angeutumia kusoma Maandiko au Falsafa. Hatukubaliani nao. Tutaeleza sababu kwa kutumia jambo moja dogo kutoka katika hadithi hizo: mkate.

Mwandishi wake, J. R. R. Tolkien, alizaliwa Bloemfontein, Afrika Kusini, mwaka 1892. Mama yake alipokelewa katika Kanisa Katoliki mwaka 1900, akafariki mwaka 1904, na watoto wake wawili wakalelewa chini ya uangalizi wa Padre Francis Morgan wa Oratorio ya Birmingham. Riwaya yake kubwa, The Lord of the Rings, ilichapishwa kati ya mwaka 1954 na 1955. Humo alibuni dunia nzima, pamoja na lugha zake, kalenda zake na hata vyakula vyake. Wahobiti, watu wafupi wanaopenda jiko, hula milo sita kwa siku wakiipata. Jamii nyingine, Waelvi, wana mkate wa safari uitwao lembas.

Lembas ni vikate vyembamba, kahawia kwa nje na rangi ya malai kwa ndani. Hufungwa kwa majani ya mti mmoja wa nchi yao, na visipovunjwa wala kutolewa kwenye majani hayo, hudumu siku nyingi. Wanaofunga chakula kwa majani ya mgomba hawatashangaa. Kimoja chatosha kumtembeza mtu kutwa nzima. Msafiri mmoja, Gimli, alidhani ni ule mkate mkavu wa kwao wa nyikani. Alipoonja akamaliza kikate chote, na wenyeji wakamwambia kwa kicheko kwamba amekwisha kula cha kutwa. Katika maandishi yaliyochapishwa baada ya kifo cha Tolkien tunasoma kwamba wanawake peke yao ndio wanaouoka, na kuugawa ni haki ya malkia wao. Msafiri hajichukulii mkate huo. Hupewa.

Sehemu inayotugusa zaidi inakuja mwishoni, Frodo na mtumishi wake Sam wanapoivuka nchi kavu ya adui. Sam ni mpishi. Amebeba sufuria zake na kijisanduku cha chumvi safari yote, na njiani aliwahi kumpikia bwana wake sungura kwa majani yenye harufu nzuri huku akitamani viazi. Sasa nguvu zimekwisha, anazitupa sufuria hizo shimoni, na mlio wake unamchoma moyo. Wamebaki na lembas tu. Tolkien anasema wazi kwamba mkate huo haukukata hamu: Sam aliendelea kuota nyama na mkate wa kawaida. Lakini ulilisha utashi, na kadiri walivyoutegemea wenyewe bila kuuchanganya na vyakula vingine, ndivyo nguvu yake ilivyozidi.

Mseminari yeyote anayejua habari za Eliya chini ya mretemu (1 Fal 19) atasimama hapo. Nabii anayetaka kufa anapewa mkate na maji, anatembea siku arobaini mchana na usiku mpaka Horebu. Tolkien mwenyewe, katika barua ya mwaka 1958, alitaja kwamba kuna msomaji aliyeona Ekaristi nyuma ya mkate huo. Hakumkanusha, alieleza kwamba mambo makubwa sana yanaweza kuyatia rangi mambo madogo ya hadithi. Tuishie hapo alipoishia yeye. Hakupenda mafumbo ya kulinganisha kitu kwa kitu, na mhubiri atakayesema kwamba lembas ni Ekaristi atakuwa ameiharibu hadithi na katekesi kwa pamoja.

Yupo pia Gollum, kiumbe aliyeharibiwa na pete, anayepewa kipande cha lembas na kukitema kwa kukohoa, maana kwake ni kama vumbi na majivu. Frodo hamdhihaki. Anamwambia kwamba chakula hicho kingemfaa kama angejaribu, ila pengine bado hawezi. Tungependa kulisikia neno hilo "bado" mara nyingi zaidi tunapowazungumzia ndugu zetu wanaobaki kwenye mabenchi wakati wa Komunyo.

Kiswahili cha Kanisa kina neno lake kwa mkate wa safari: pamba. Msafiri hufungiwa pamba kabla hajaondoka nyumbani, ili ale njiani. Kwa hiyo Komunyo anayopewa Mkristo anayekaribia kufa huitwa Komunyo ya Pamba, na ndiyo sakramenti ya mwisho ya safari yake hapa duniani. Sheria ya Kanisa (kanuni 922) inaagiza isicheleweshwe mno, na wachungaji wahakikishe wagonjwa wanalishwa wakiwa bado na fahamu.

Tunavyofanya parokiani ni kinyume. Familia inaogopa kumwita padre kwa sababu akionekana mlangoni, mgonjwa atajua hali yake ni mbaya na majirani wataanza kunong'ona. Basi wanangoja. Padre anafika usiku wa manane, anatoa Mpako, anasali na wote waliopo, lakini mgonjwa hana fahamu tena na pamba inarudi kanisani. Wanaoshindwa kumeza chakula kigumu wanaweza kupewa Damu Takatifu peke yake, na walei wengi hawajawahi kuambiwa hivyo. Lawama kubwa hatuwatupii wao. Tumewafundisha kupanga mazishi kuliko kuuguza, na sisi mafrateri tunaokwenda parokiani wakati wa likizo tunaweza kuanza kulizungumza jambo hili.

Viongozi wa jumuiya ndogo ndogo mnawajua wagonjwa wenu kwa majina. Mpelekeeni paroko orodha wiki hii, wangali wanaongea, wangali wanaulizia nani kapika.