Barua ya Wazi kwa Waziri wa Afya: Vyuma vya Mifupa Vihesabiwe Kama Dawa

Mheshimiwa Waziri,

Barua hii inatoka Bariadi, makao makuu ya mkoa wa Simiyu, uliozaliwa mwaka 2012 kwa kumegwa kutoka Shinyanga na Mwanza. Sensa ya 2022 iliwakuta Simiyu watu 2,140,497, wengi wao wakulima wa pamba na wafugaji, katika wilaya za Bariadi, Busega, Itilima, Maswa na Meatu. Hesabu hiyo anaipata yeyote anayeitaka. Kuna nyingine ambayo mwananchi hana pa kuisoma: wangapi kati ya watu hao walivunjika paja au muundi mwaka jana, wangapi waliwekewa vyuma, walisubiri siku ngapi, na wangapi leo wanachechemea kwa sababu mfupa uliunga ukiwa umepinda.

Mifupa mingi inavunjika wapi, kila anayeishi kando ya barabara ya Lamadi, Bariadi na Maswa anajua. Lami imefupisha safari, na pikipiki imefika vitongojini ambako basi halifiki. Mwaka 2010 Dk. Phillipo Chalya na wenzake walichapisha utafiti kuhusu majeruhi wa pikipiki jijini Mwanza, wakaliita jambo hilo tatizo la afya ya jamii linaloibuka na linalotaka hatua za haraka. Wengi wa majeruhi wale walikuwa vijana wa kiume, na walioumia mikono, miguu na kichwa ndio waliokuwa wengi zaidi. Simiyu ni jirani wa Mwanza, na bodaboda ni walewale. Tena si barabara peke yake. Kuna anayeanguka kutoka juu ya mzigo wa pamba, anayetupwa na mkokoteni, na anayekanyagwa na ng'ombe akiwa kwenye plau.

Ni haki kusema mapema kwamba si kila mfupa uliovunjika unahitaji kisu. Mfupa wa mtoto mara nyingi huunga vizuri ndani ya hogo, na mtulinga wa mtu mzima hupona mara nyingi kwa kutundika mkono shingoni. Mifupa miwili ya kigasha cha mtu mzima ni habari nyingine. Hogo haliishiki sawasawa, na ikiunga imepinda hata kidogo, kiganja hakigeuki tena juu na chini. Mkono usiogeuka haushiki vizuri mpini wa jembe, haukamui ng'ombe, haupokei chenji dukani. Hapo ndipo bamba la chuma na skrubu linapohitajika.

Kazi yenyewe ni ya vipimo. Daktari hufungua nyama, huzikutanisha ncha za mfupa, hulaza bamba la chuma cha pua juu yake, kisha hutoboa. Skrubu ya milimita 3.5 hutaka tundu la milimita 2.5, ile ya 4.5, ya mifupa minene, hutaka tundu la 3.2. Kina cha tundu hupimwa kwa kijiti chenye ndoana, kwa kuwa skrubu fupi haishiki ukuta wa pili wa mfupa na ndefu mno huchoma nyama upande wa pili. Fundi seremala anaijua kanuni hiyo, ila mbao haipati usaha. Kwa hiyo kitita cha upasuaji huu ni sanduku zima: mabamba ya urefu mbalimbali, skrubu za kila kipimo, biti za keekee, bisibisi inayolingana na vichwa vya skrubu, na mashine ya kuvitakasa vyote kabla havijagusa mwili. Skrubu ya kipimo kimoja ikiisha stoo, upasuaji unaahirishwa, na mgonjwa aliyelala njaa tangu usiku anarudishwa wodini.

Paja mara nyingi hutaka msumari mrefu unaopita katikati ya mfupa, kwenye uboho. Usipokuwepo, mgonjwa hulazwa chali, mguu ukivutwa kwa uzito unaoning'inia mwisho wa kitanda, kwa wiki 6 hadi 12. Mkulima aliyevunjika paja mwezi Novemba, wakati mbegu za pamba zinaingia ardhini, atashuka kitandani palizi imempita. Mkewe atakuwa ameshinda wodini akimhudumia, na watoto wamebaki na bibi. Mavuno ya kaya hiyo yamekwenda, hata kama mfupa umeunga vizuri.

Wengine huenda kwa waunga mifupa wa kijijini. Hawaendi kwa ujinga. Mtaalamu huyo yuko karibu, anaongea Kisukuma, anakubali kulipwa kidogo kidogo, na kwa mvunjiko mwepesi wapo wenye mikono mizuri. Hatari iko kwenye banzi lililokazwa mno, likakata damu, na kwenye mfupa uliotoboa ngozi ukafungwa bila kusafishwa. Majeraha ya namna hiyo hufika hospitali yakiwa yameoza, na kinachozungumzwa hapo ni kukata mguu.

Sasa swali la nani anayelipa. Kuunga mfupa kwa chuma ni elimu ya zamani kidogo: Carl Hansmann alitumia bamba na skrubu mjini Hamburg mwaka 1886, na Robert Danis wa Ubelgiji alichapisha kitabu chake maarufu juu ya jambo hilo mwaka 1949. Lakini mageuzi makubwa yalitoka Uswisi, pale Maurice Müller na madaktari wenzake walipokutana Biel mwaka 1958 wakaanzisha kikundi ambacho leo kinajulikana duniani kwa jina la AO. Madaktari hao walikuwa na silaha ambayo Bariadi haina. Bima ya ajali ya nchi yao ilikuwa inawalipa pensheni watu waliobaki na ulemavu baada ya kuvunjika miguu, na kwa kuwa ililipa, ilihesabu. Vitabu vyake vilionyesha waziwazi kwamba sehemu kubwa ya waliovunjika paja walibaki na ulemavu wa kudumu. Ulemavu ulikuwa na bei iliyoandikwa, na mwenye kulipa bei hiyo alikuwa na kila sababu ya kutaka mifupa iungwe vizuri.

Simiyu bei hiyo ipo vilevile, ila inalipwa mnadani. Ng'ombe mmoja huuzwa kwa gari la kwenda Mwanza, mwingine kwa vyuma, mwingine kwa chakula na malazi ya ndugu wanaomuuguza. Asiye na ng'ombe huchangiwa na ukoo, au hubaki na mguu uliopinda. Fedha hizo hazionekani kwenye bajeti ya Wizara, wala ya halmashauri, wala ya mfuko wowote wa bima. Kwa sababu hazionekani, kununua sanduku la skrubu kunaweza kuonekana ni gharama mpya, wakati ukweli ni kwamba gharama ipo siku zote na wanaoibeba ni walio na uwezo mdogo kuliko wote.

Hospitali ya Bugando jijini Mwanza, iliyofunguliwa mwaka 1971, imewabeba watu wa Kanda ya Ziwa kwa zaidi ya miaka hamsini na inastahili shukrani. Lakini hospitali ya kanda inapopokea kila kigasha na kila kifundo kilichovunjika kutoka mikoani, aliyevunjika nyonga au uti wa mgongo hukaa kwenye foleni hiyohiyo. Hospitali ya Rufaa ya Mkoa wa Simiyu ipo Nyaumata, mjini Bariadi, na hospitali za rufaa za mikoa zipo chini ya Wizara yako. Ndiyo maana barua hii haikupelekwa halmashauri.

Kipimo kinachotakiwa kimeshawekwa. Mwaka 2015 tume ya jarida la tiba la The Lancet kuhusu upasuaji duniani ilichagua huduma tatu za kupimia kama hospitali ya ngazi ya kwanza inaweza upasuaji: kumpasua mama mwenye uzazi pingamizi, kufungua tumbo, na kutibu mfupa uliotoboa ngozi. Ilitaka pia watu wafikie huduma hizo ndani ya saa mbili. Tanzania ilikuwa miongoni mwa nchi za mwanzo Afrika kuandika mpango wa taifa wa upasuaji, uzazi na usingizi, uliozinduliwa 2018 kwa kipindi cha hadi 2025. Kwa upasuaji wa uzazi nchi imepiga hatua ambayo mama wa Meatu anaiona kwa macho. Mfupa uliotoboa ngozi unastahili bidii ileile.

Wala ujuzi hautoki mbali. Taasisi ya Mifupa Muhimbili, MOI, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 1996, imefanya utafiti unaosomwa duniani kote. Matokeo ya mmojawapo yalitoka mwaka 2020: wagonjwa waliovunjika muundi na mfupa kutoboa ngozi waligawanywa kwa bahati nasibu, baadhi wakawekewa msumari wa ndani, wengine vyuma vya nje ambavyo watu wanaviita antena. Baada ya mwaka mmoja, vifo na kurudiwa upasuaji havikutofautiana kwa kiasi cha kuaminika kati ya makundi hayo mawili. Kwa hospitali ya mkoa hiyo ni habari njema, kwani antena ni chombo rahisi, na kidonda kilichooshwa mapema na kupewa antibayotiki mapema hakihitaji kusubiri mashine ya gharama kubwa.

Hata msumari wa paja una njia yake. Dk. Lewis Zirkle, Mmarekani aliyewahi kutibu majeruhi wa vita vya Vietnam, alianzisha shirika la SIGN mwaka 1999 akiwa na msumari unaoweza kuwekwa bila ile eksirei ya kuangalia mfupa wakati wa upasuaji. Skrubu zake hupata matundu kwa kufuata mkono wa kuongozea uliofungwa nje ya mguu. Hospitali zinazoshiriki hupewa misumari bila malipo, nazo hutuma kumbukumbu na picha za kila mgonjwa. MOI imeutumia kwa miaka mingi. Sharti hilo la kumbukumbu peke yake lingeipa Simiyu daftari inalolihitaji.

Kinachoombwa, basi, ni kwamba bamba, skrubu, msumari na antena viwekwe kwenye orodha ya vitu ambavyo stoo ya hospitali ya Nyaumata hairuhusiwi kuishiwa, viagizwe Bohari ya Dawa kwa utaratibu uleule wa dripu na nyuzi za kushonea, na bei yake ibandikwe ukutani ili ndugu wa mgonjwa asitumwe mjini na karatasi isiyo na muhuri. Bima ya Mfuko wa Afya ya Jamii, CHF iliyoboreshwa, iliwazoesha watu wa Simiyu kulipa shilingi 30,000 kwa kaya ya watu sita; Sheria ya Bima ya Afya kwa Wote ya mwaka 2023 imefungua mlango mpana zaidi, na vyuma vya mifupa vitajwe kwa jina ndani ya kitita cha msingi cha bima hiyo, visiachwe vikisubiri tafsiri ya karani wa dirishani. Kambi za madaktari bingwa zinazozunguka halmashauri tangu 2024 zimewasaidia wengi, lakini mtu havunjiki mguu kwa ratiba ya kambi. Mkoa unahitaji madaktari bingwa wa mifupa wanaoishi Bariadi, pamoja na mtaalamu wa usingizi, muuguzi wa chumba cha upasuaji na mtaalamu wa mazoezi ya viungo, kwa sababu goti lisilonyooshwa baada ya upasuaji hukakamaa hata kama chuma kimekaa vizuri. Chuo cha madaktari wa upasuaji wa Afrika Mashariki, Kati na Kusini, chenye makao yake Arusha, hufundisha mabingwa wakiwa kazini hospitalini. Kijana wa Itilima au Maswa angeweza kusomea ubingwa kwa njia hiyo, kwa makubaliano ya kurudi kwao.

Na daftari lianze hata kabla ya vyuma kufika. Kila mvunjiko unaopokelewa Nyaumata uandikwe: mfupa gani, ajali gani, siku ngapi za kusubiri, tiba gani, familia imelipa shilingi ngapi, na baada ya mwaka mmoja mgonjwa amerudi kazini au la. Jumla zake, bila majina ya wagonjwa, zisomwe mbele ya Kamati ya Ushauri ya Mkoa kila mwaka. Ukurasa wa kwanza unaweza kuandikwa mwezi huu kwa kalamu ya kawaida, na Wizara ikiomba nakala yake, hospitali itajua kwamba kuna anayesoma.

Kwa heshima,
Mwandishi, Bariadi

Nakala: Mkuu wa Mkoa wa Simiyu, Mganga Mkuu wa Mkoa, Mganga Mfawidhi, Hospitali ya Rufaa ya Mkoa wa Simiyu, Mkurugenzi Mkuu, Bohari ya Dawa.