Walimu viziwi waingie madarasani

Andrew Foster alikuwa na umri wa miaka 11 homa ya uti wa mgongo ilipomwondolea usikivu, yeye na ndugu yake, huko Alabama, Marekani. Mwanangu alikuwa na miaka sita. Ugonjwa ni uleule, ndiyo maana habari za mtu huyu nimezisoma kama za ndugu wa damu.

Foster alizaliwa mwaka 1925, mtoto mweusi katika jimbo la ubaguzi. Shule ya viziwi weusi ilimfikisha darasa la sita tu. Sekondari aliimaliza kwa masomo ya posta, na mwaka 1954 akawa Mweusi wa kwanza kupata shahada Gallaudet, chuo cha viziwi kilichopo Washington. Angeweza kubaki kwao akatafuta kazi ya heshima. Mwaka 1957 alikuwa Accra, anaazima madarasa ya watoto wanaosikia wakishatoka, anafundisha viziwi. Hadi anafariki alikuwa ameanzisha shule zaidi ya 30 barani Afrika. Mauti yalimkuta kwa jirani zetu, Rwanda, ndege ndogo ilipoanguka tarehe 3 Desemba 1987. Miaka michache baadaye Umoja wa Mataifa uliichagua tarehe hiyohiyo, bila kumkusudia yeye, kuwa siku ya kimataifa ya watu wenye ulemavu.

Ninachomheshimia zaidi ni kwamba aliwachukua Waafrika viziwi, akawapa mafunzo, akawakabidhi madarasa. Lugha ya alama tunayoitumia Burundi ina mizizi katika kazi hiyo.

Mimi nauza vitenge hapa Gitega. Mwanangu tulimpeleka kwanza shule ya kawaida. Alikalishwa mbele, na mwalimu akawa anaongea huku ameelekea ubaoni. Mtoto alinakili kila kitu, tena kwa mwandiko mzuri, na hakuelewa hata mstari mmoja. Nyumbani alinivuta kanga kunionyesha anachotaka. Nisipoelewa, anapiga ndoo teke. Majirani wakasema mtoto ana hasira.

Kisha kijana mmoja kiziwi, fundi viatu, akaanza kukaa naye nyuma ya meza yangu kila kazi inapopungua. Alianza na alama ya maji, ya mkate, ya mama. Siku hiyo mwanangu alizunguka soko zima akimwonyesha kila mtu alama ya maji. Haikupita miezi mingi akaniuliza kwa mikono yake bibi amekwenda wapi. Bibi yake tulikuwa tumemzika zamani, na mtoto hakuambiwa, kwa sababu hakuna kati yetu aliyejua namna ya kumwambia.

Fundi yule hana cheti. Kwa utaratibu wetu wa ajira, hawezi kuingia darasani hata kwa saa moja.

Kwetu hasa ni Muyinga. Huko kuna maktaba iliyokamilika mwaka 2012, ikiwa sehemu ya kwanza ya shule ya watoto viziwi. Kuta zake ni matofali ya udongo ulioshindiliwa, na juu umetandazwa wavu wa kamba za katani ambao watoto hupanda wakajilaza na vitabu vyao. Udongo ni wa palepale. Kujenga tunaweza, basi. Lakini mtoto aliyefika umri wa kusoma bila lugha yoyote, kitabu atakishika tu.

Wapo wanaosema mwalimu kiziwi hawezi kutuliza darasa. Shule za Foster zimeshawajibu. Na sheria haiko upande wao: Burundi iliridhia mwaka 2014 Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa Haki za Watu wenye Ulemavu, na kifungu cha 24 kinaitaka serikali kuajiri walimu wanaojua lugha ya alama, wakiwemo walimu wenye ulemavu wenyewe. Mwaka 2018 tukapata na sheria yetu ya kulinda haki hizo. Tumetia saini wenyewe, hatukulazimishwa.

Naiomba wizara ya elimu ifungue mafunzo ya ualimu kwa viziwi, ianze na Gitega, mji mkuu wa kisiasa, kisha Muyinga. Asiye na diploma apimwe kwa anachokijua, aongezewe kinachopungua. Akishaajiriwa, alipwe mshahara kamili wa mwalimu, si posho ya msaidizi.