Pete ya Mawazo na Mkono wa Chuma

Ndugu msomaji wa Kilimatinde, barua yako tumeipata, nasi tumeisoma mara mbili, maana ndani yake mna maswali mawili yaliyofungwa pamoja. La kwanza ni la mtoto wako. Amesoma hadithi ya mfalme wa nchi isiyokuwapo, aliyevaa pete yenye kutii mawazo: akifikiri mlango, mlango wafunguka, akifikiri adui, adui aanguka. Mtoto asema pete kama hiyo yapatikana Ulaya. La pili ni lako mwenyewe. Mdogo wako alikatika mkono katika mashine ya kukamua alizeti, na sasa hataki mkono wa bandia wa kawaida. Asema atangoja ule unaoongozwa na akili.

Pete hakuna. Mkono upo, walakini sivyo mdogo wako anavyoudhania.

Ujue kwanza ya kuwa ubongo hufanya kazi kwa umeme, nao ni mdogo mno. Betri moja ya tochi ina volti 1.5. Chukua volti moja, igawe mafungu 20,000: fungu moja tu ndilo kadiri ya umeme wa ubongo ukipimwa juu ya ngozi ya kichwa. Wa kwanza kuupima kwa binadamu alikuwa Hans Berger, daktari wa Jena huko Ujerumani, mwaka 1924, akautangaza mwaka 1929. Kisa chake ni cha ajabu. Alipokuwa askari kijana alianguka kutoka juu ya farasi mbele ya gurudumu la mzinga, akaponea chupuchupu. Siku ile ile ikamfikia telegramu ya baba yake kumwuliza hali, kwa kuwa dada yake, aliyekuwa mbali, ameingiwa na hofu juu yake. Berger akaamini kwamba fikra zake zilisafiri mpaka nyumbani. Akaitafuta nguvu hiyo miaka mingi, asiione. Alichokiona ni mistari ipandayo na kushuka katika karatasi, na mistari hiyo yawasaidia madaktari hata leo kuchunguza wagonjwa wa kifafa. Si hasara hata kidogo!

Basi mashine haisikii fikra kama wewe umsikiavyo jirani akisema. Ni kama mtu asikiaye ngoma ya kijiji cha pili usiku: ajua ngoma inapigwa, ajua imebadilika mapigo, lakini maneno ya wimbo hayapati. Kwa hiyo mtu hufundishwa. Huambiwa, fikiri wakunja vidole. Mashine yashika alama yake. Fikiri wavikunjua, yashika tena. Hurudia na kurudia mpaka mtu na chombo wazoeane. Kutamani tu hakutoshi. Lazima akusudie tendo lile lile, kwa namna ile ile, bila kuchoka.

Wala jambo hili si la Wazungu peke yao. Mwaka 2021 zilienea habari za David Gathu na mwenzake, vijana wa Kikuyu karibu na Nairobi, waliojifundisha wenyewe wakaunda mkono wa namna hiyo kwa mbao na vipande vya vyombo vibovu vya umeme. Mvaaji huweka kichwani chombo cha kunasa umeme wa ubongo. Twawapongeza. Lakini kuunda mkono mmoja ni jambo moja, na kuwapa watu mikono ya kulimia ni jambo jingine.

Tazama Marekani, kwenye fedha nyingi. Mwaka 2011 mama mmoja, Cathy Hutchinson, aliyepooza viungo vyote kwa karibu miaka 15, aliamuru kwa ubongo mkono wa mashine umletee chupa ya kahawa, akanywa. Kwake yeye chombo kilitiwa ndani ya fuvu, kidogo kama kidonge. Alijaribu mara 6, akafaulu mara 4. Aliponywa, alitabasamu, nani asingetabasamu? Lakini mkulima ambaye jembe lamponyoka mara 2 katika kila 6 hafiki mbali.

Umeuliza pia kama serikali au tajiri aweza kukusoma moyo kwa mashine hii. Siri za moyo haizifikii. Hata hivyo nchi ya Chile mwaka 2021 iliandika katika katiba yake ulinzi wa habari zitokazo katika ubongo wa mtu, nasi twaona walifanya vema kuwahi.

Sasa mdogo wako. Asingoje. Aliyekaa muda mrefu kwa mkono mmoja huzoea, na mara nyingi huukataa wa bandia akipewa baadaye. Uko mkono wenye mkanda upitao mabegani: asukuma bega mbele, ndoana ya chuma yafunguka, alegeza, yafumba. Hautaki betri, na ukiharibika fundi aweza kuutengeneza. Kwa Moshi, aulize karakana ya viungo bandia ya Hospitali ya KCMC. Kwa Dar es Salaam, Taasisi ya Mifupa, MOI, pale Muhimbili. Achukue kwanza barua ya daktari wa hospitali yenu hapo Kilimatinde. Na siku ya kwenda avae shati la mikono mipana, maana fundi atataka kukitazama kigutu na kukipima.